Jiwe lisilofutika limegongana na makala yangu ya 140. Nifute lipi?

MwandikaUndani

Wadau, salaam. Kuna jambo limeninyima usingizi wiki mbili sasa, na nyumbani sina wa kumweleza akanielewa, kwa hiyo naliweka hapa lote.

Kwa miaka sita naandika kamusi elezo ya dunia isiyokuwapo. Naiita Undani. Si riwaya wala haina mhusika mkuu. Ni makala tu, moja baada ya nyingine: mito ya Undani, vyombo vyao vya bahari, magonjwa yao, namna wanavyohesabu siku. Naandika kwa penseli kwenye madaftari makubwa ya mistari, na nimefika makala ya 312.

Chini ya kila kitu huko Undani kuna Mawe Tisa. Yamelala sakafuni mwa bahari, na kila jiwe lina sentensi moja. Hayakuandikwa na mtu. Yalikuwapo kabla hajakuwapo wa kuandika. Jiwe likisema, ndivyo inavyokuwa. La kwanza linasema "Maji hushuka," na mito ya Undani inashuka kwa sababu hiyo. Jiwe halikuiona mito ndipo likaieleza. Wazamiaji wameyafikia mara tatu tu, wakapanda na nakala. Mmoja wao alijaribu kuchonga herufi moja iondoke, patasi ikakatika ncha. Haya niliyaandika ukurasa wa kwanza, siku ya kwanza, na hadi leo hakuna ninachokipenda zaidi katika kazi hii.

Jiwe la tatu linasema: "Mfu harudi."

Makala ya 140 inamhusu mwanamke mshona nyavu aliyezama, akaopolewa, akazikwa, na asubuhi ya siku ya tisa akakutwa ameketi mlangoni kwake anashona wavu. Nilipoiandika, miaka mitatu iliyopita, nililia. Naijua kwa moyo. Mdogo wangu, ambaye ndiye msomaji wangu pekee, aliyaweka daftari la kwanza na la tano ubavu kwa ubavu, akaweka kidole huku na kidole kule, akaniuliza: "Sasa?"

Usiku huo nikachukua raba. Nilitaka kuongeza maneno mawili tu, iwe "Mfu harudi mara mbili," lakini mstari haukuwa na nafasi, ikabidi nifute kwanza nipange upya. Ile penseli ya miaka sita ilikuwa imezama. Nikasugua, karatasi ikaota vinyweleo, nikaendelea kusugua, ikatoboka. Pale palipokuwa na Jiwe la tatu sasa pana tundu la ukubwa wa kucha ya kidole cha mwisho, na ndani yake inaonekana nusu ya neno la ukurasa unaofuata. Tangu hapo sijaandika hata mstari.

Naomba mnisaidie. Kama andiko ndilo msingi wa dunia na halibadiliki, mtunzi ana ruhusa ya kulibadilisha? Na kama hana, mshona nyavu wangu nimfukie tena?

Fundi_Mpangilio

Mkuu, pole kwa daftari. Jibu langu ni fupi. Uliahidi kwamba mawe hayabadiliki, na msomaji akakuamini. Makala ya 140 ifutwe au ihamishiwe kwenye dunia nyingine. Ukivunja kanuni moja kwa sababu unampenda mhusika, mawe manane yaliyobaki hayatakuwa na uzito tena. Mdogo wako hatauliza "Sasa?" mara ya pili. Ataacha kusoma.

Bi_Kikabari

Ndugu Mwandika, usifute chochote kwanza. Weka raba kabatini.

Mimi maisha yangu yote nimependa maandiko ya kale, na swali lako watu wameliwaza muda mrefu kabla yetu. Nikupe matatu ninayoyakumbuka vizuri, maana yanatofautiana, na wewe hujaamua Mawe yako ni ya aina gani.

Watu wa Mesopotamia, yaani Iraki ya leo, walikuwa na Bamba la Majaaliwa. Anayelishika ndiye mwenye amri juu ya jinsi mambo yatakavyokuwa. Lakini bamba ni kitu: linavaliwa kifuani, linapigwa muhuri, linaibwa. Ndege mkubwa Anzu alimvizia mungu Enlil akiwa anaoga, akalinyakua, akaruka nalo. Mungu shujaa Ninurta akatumwa kumfuata. Sasa sikiliza pambano lenyewe. Ninurta anafyatua mshale, na Anzu akiwa ameshika bamba anausemesha: wano, yaani kijiti cha mshale, lirudi kwenye matete lilikokatwa, upinde urudi msituni, upote, yaani kamba ya upinde, urudi kwa kondoo, manyoya yarudi kwa ndege. Na mshale haumfikii. Kila kipande kimeamriwa kiwe kile kilichokuwa kabla fundi hajakigusa. Nikisoma hapo huwa naweka kitabu chini kwanza. Ilibidi Ea, mungu wa hekima, atoe shauri kwamba Anzu achoshwe na mbawa zake zikatwe, ndipo akashindika. Bamba lenyewe halikufutwa neno. Mashujaa waligombana juu ya nani alishike.

La pili ni nguzo ya sheria za Hammurabi, mfalme wa Babeli. Ni jiwe jeusi la mita 2.25, liko makumbusho ya Louvre, Paris. Mwishoni mfalme ameweka laana ndefu juu ya yeyote atakayebadilisha maneno yake. Haikusaidia. Jiwe lilichukuliwa nyara hadi Susa, katika Iran ya leo, ambako wachimbuaji walilikuta mwaka 1901, na safu kadhaa upande wa chini zilikuwa zimekwanguliwa. Aliyekwangua hakuandika kitu mahali pake. Pamebaki patupu, laini, na laana bado ziko palepale kwenye jiwe hilohilo. Nilipofika kwenye tundu la daftari lako nilikumbuka mkwanguo huo.

La tatu ni jiwe la Farao Shabaka, lililoko British Museum. Lina habari ya mungu Ptah aliyeumba kwa kuwaza moyoni na kutamka kwa ulimi. Mfalme anasema alikuta andiko la wahenga limeliwa na wadudu, akaamuru linakiliwe kwenye jiwe lisiliwe tena. Baadaye jiwe hilohilo likatobolewa tundu katikati likatumika kwa kazi nyingine kabisa, na maneno mengi yakapotea. Yaani andiko la uumbaji kwa neno, na katikati yake pana tundu la pembe nne.

Kwa hiyo nakuuliza: Mawe Tisa yana nguvu kwa sababu ya nani anayeyashika, au kwa sababu yanalindwa, au kwa sababu yanasema kweli hata yakitupwa shimoni? Umesema ni hili la tatu. Basi tundu la daftari si tundu la Jiwe. Ulichosugua ni nakala ya nne tu, baada ya zile tatu za wazamiaji. Jiwe liko chini ya bahari na bado linasema lilichosema.

MwandikaUndani

Bi Kikabari, nimesoma ujumbe wako mara mbili nikiwa nimesimama. "Nakala ya nne." Sikuwahi kuwaza kwamba na mimi ni mnakili kama wao. Asante sana.

Ila bado Fundi ana hoja. Hata kama Jiwe halijaguswa, linasema mfu harudi, na mshona nyavu wangu amerudi.

Msikilizaji_wa_Pembeni

Assalaam alaykum wadau. Sisi Waislamu tunafundishwa habari ya Ubao Uliohifadhiwa, ulioko kwa Mwenyezi Mungu, umetajwa katika Qurani, sura ya 85, aya ya 22. Siuleti hapa kama kitu cha kubuni, maana kwangu si cha kubuni, nauleta kwa sababu wanazuoni wameshughulika na jambo linalokusumbua. Sura ya 13, aya ya 39, inasema Mwenyezi Mungu hufuta na huthibitisha atakayo, na kwake ndiko kuliko Ummul Kitabi, asili ya maandiko yote. Wapo wafasiri walioelewa hapo kuna daraja mbili: kumbukumbu walizonazo malaika, ambazo hufutwa na kuandikwa, na asili iliyoko kwake, isiyoguswa. Sisemi unakili mafundisho hayo kwenye hadithi. Jiulize tu kama Undani ina tabaka moja au mawili.

Kisha angalia kitabu cha Esta, kilichomo katika Biblia. Sheria ya ufalme ule ni kwamba waraka ulioandikwa kwa jina la mfalme na kupigwa muhuri kwa pete yake hautanguki. Hamani, mkuu wa wakubwa wa mfalme, amekwisha kuupata waraka wa kuwaangamiza Wayahudi. Hamani mwenyewe anatundikwa, lakini waraka uko palepale, hata mfalme hana la kufanya. Kilichofanyika ni kuandika waraka wa pili, wenye muhuri uleule, unaowaruhusu Wayahudi wakusanyike wajilinde siku ile ile. Nyaraka zote mbili zikawa sheria kwa pamoja. Mtunzi yeyote anayeweka neno lisilofutika duniani mwake akisome kisa hicho polepole, kwa sababu kisa kizima kimekaa katikati ya karatasi mbili zisizofutika.

Nukta_Tano

Nakubaliana na waliotangulia, ila naona hatari moja haijatajwa, nayo ni ile uliyotaka kuifanya kwa raba.

Euklidi, mwanahisabati wa Kigiriki wa kale, alijenga jiometria yake juu ya kauli tano ambazo unazikubali bila uthibitisho. Nne ni fupi. Ya tano, inayohusu mistari sambamba, ni ndefu na inakera, na kwa zaidi ya miaka 2,000 watu walijaribu kuonyesha kwamba si kauli ya msingi, kwamba inatoka kwenye zile nne. Haikutoka. Kisha wanahisabati wawili, Lobachevsky mwaka 1829, na Bolyai mwaka 1832, kila mmoja kwa njia yake, wakaiacha ile ya tano na kuweka nyingine inayoikana. Walichopata si jiometria ileile yenye kasoro moja. Ni nyingine nzima, inayojisimamia, ambamo pembe tatu za pembetatu yoyote hazifiki nyuzi 180, na pembetatu ikizidi kuwa kubwa ndivyo jumla inavyozidi kupungua.

Ukiandika "Mfu harudi mara mbili," hujampa mshona nyavu ruhusa maalumu. Umeumba Undani nyingine ambamo kila mfu anaweza kurudi mara moja. Hapo mirathi haigawanywi mpaka marehemu afe tena. Muuaji anahukumiwa vipi kama aliyeuawa anaweza kuja kutoa ushahidi? Wajane wanakaa eda ngapi? Itabidi uzipitie makala zote 312. Inawezekana, na pengine itakuwa dunia nzuri. Lakini haitakuwa ile uliyoililia.

Fundi_Mpangilio

Nukta_Tano amesema nilichotaka kusema, na amekisema vizuri kuliko mimi.

Ngeli_na_Nahau

Mimi nafundisha Kiswahili, na naona hapa wote mmejadili Jiwe bila kulisoma. Hebu tulisome. Lina maneno mawili.

"Harudi." Mkuu, hukuandika "hatarudi," wala "hajarudi." Umeandika ukanushi usio na wakati maalumu, ule tunaousema kwa jambo lililo tabia: huyu hali nyama, yule harudi nyuma. Ni tofauti na kusema haiwezekani.

Na "kurudi" ni neno lenye vyumba vingi. Mtu hurudi nyumbani. Kitambaa kikifuliwa hurudi, maana yake husinyaa, ndiyo maana fundi wa nguo huacha nafasi. Na mzazi humrudi mtoto, yaani humkanya na kumtia adabu. Wazee wetu walilitumia sana hilo. Kwa hiyo wazamiaji watatu wakipanda na nakala ileile, herufi kwa herufi, Undani inaweza kuwa na watu wanaosoma kwamba aliyekufa haji tena, na wengine wanaosoma kwamba aliyekufa haadhibu, msiwaogope waliolala. Hawa wa pili watazika watu wao karibu na nyumba bila hofu, na wale wa kwanza watageuza mlango usielekee makaburini. Wote wananukuu Jiwe moja, wala hakuna aliyelibadilisha.

"Mfu" nalo lina yake. Nilidhani ningeweza kukuletea maji mafu, ule wakati ambapo bahari haijai sana wala haitoki sana, maana Jiwe liko baharini. Lakini hapo ngeli inakatalia: maji mafu *hayarudi*, ila mfu *harudi*. "Ha-" hiyo inatupeleka kwa mtu au kiumbe, basi. Nakwambia hili ujue kwamba andiko lisilobadilika linakubali masomo mengi, lakini si lolote tu. Mengine linayakataa lenyewe, na ni kwa kukataa huko ndipo utaona ni andiko kweli.

Bi_Kikabari

Mwalimu, umeniacha nimeshika kichwa. Rudi ya kitambaa!

Nyongeza moja ndogo kwa Mwandika, kisha nanyamaza. Kuna wanaolinda andiko bila jiwe wala karatasi. Wasomaji wa Veda, maandiko matakatifu ya kale ya Kihindu, nchini India wamezibeba kwa mdomo, na Rigveda pekee ina tenzi 1,028. Wana namna mbalimbali za kukariri, na mojawapo, iitwayo ghana, inakwenda hivi: neno la kwanza na la pili, la pili na la kwanza, la kwanza na la pili na la tatu, la tatu na la pili na la kwanza, kisha la kwanza na la pili na la tatu tena. Halafu unasogea neno moja mbele na kuanza upya. Kwa mpango huo neno haliwezi kuhama bila sikio kushtuka. Jaribu kwa "Mfu harudi": mfu harudi, harudi mfu, mfu harudi. Lisome kwa sauti. Ningependa sana kujua kama Undani kuna watu wanaolisoma hivyo ufukweni, na nani aliwafundisha.

MwandikaUndani

Wadau, nimekaa siku nne bila kujibu kwa sababu nilikuwa naandika. Penseli imerudi mkononi.

Nimeamua hivi. Tundu nimeliacha. Nimebandika karatasi nyembamba nyuma yake ili lisiendelee kupanuka, na pembeni nimeandika kwa kalamu ya wino: "Nakala ya nne, imeharibika hapa. Tazama nakala ya kwanza." Jiwe ni lilelile, "Mfu harudi." Makala ya 140 sijaifuta hata nukta. Nimeiandikia nyongeza, kwa sababu Nukta_Tano aliponiuliza kuhusu mirathi nilitambua kwamba miaka yote mitatu sikuwahi kujiuliza majirani walifanya nini asubuhi ile. Nilimtazama yeye tu na wavu wake.

Naweka kipande hapa, mnisahihishe.

*Makala ya 140, nyongeza.* Mwanamke alipokutwa mlangoni, watu wa ufuo walikwenda kwa wasomaji wa Mawe, ambao hukariri kila alfajiri maji yakiwa yamekupwa. Wasomaji walimsikiliza sauti, wakamtazama kovu la ndoana kwenye kidole gumba, wakakiri kwamba kovu ni lile. Kisha wakasema: Mfu harudi. Aliyezikwa ni mfu. Huyu amekuja. Basi huyu si yule.

Hawakumfukuza. Sheria ya ufuo ni kwamba anayekuja bila kujulikana ni mgeni, na mgeni hupewa maji na mahali pa kulala siku tatu. Alipewa maji kwenye kata yake mwenyewe. Nyavu zake zilikuwa zimekwisha kugawanywa, na waliopewa hawakuweza kuzirudisha, kwa sababu kumrudishia ni kusema Jiwe limekosea. Mume alikuwa ndani ya eda ya wajane, ambayo ufukoni huwabana wanaume pia, na hakuruhusiwa kuzungumza na mwanamke mgeni. Alikuwa akisimama upande wa pili wa ukuta wa makuti mwanamke huyo anapopika.

Siku ya tatu wasomaji walimwuliza mgeni anaitwa nani. Hakujibu upesi. Mtoto wake wa kike, mwenye umri wa miaka saba, ambaye hakuwa bado amefundishwa Mawe, alikuwa ameketi karibu naye akimshikia uzi. Yule mtoto ndiye aliyetoa jina jipya, la kwanza lililomjia, jina la samaki mdogo wa miambani. Likaandikwa. Kuanzia siku hiyo mwanamke huyo alikuwa mkazi wa ufuo, asiye na wazazi, asiye na deni, na wavu aliokutwa nao mlangoni ulihesabiwa kuwa mali yake, kwa kuwa alikuja nao. Mwaka uliofuata, eda ilipokwisha, mume alituma posa.

Hapo ndipo nilipofika. Sijui bado kama atakubali. Mwalimu, naomba uniangalizie hiyo "kuzirudisha" katika aya ya pili. Nimeiweka makusudi karibu na Jiwe, na nataka kujua kama sikio lako linaikubali au inapiga kelele.